Kabla Hujaitwa Dairekta: Mohamed Karim, Stephan Rosti na sinema ya Misri ilivyoanza

Shikamooni wakubwa zangu, na nyie vijana wa kamera mambo vipi. Nimeombwa niongee kuhusu sinema ya Misri na nimekubali, ila nitawaangusha kidogo wale waliokuja kusikia habari za yule staa Omar Sharif, huyo leo hayupo, tunarudi nyuma kabla yake sana, miaka ya 1918 hadi 1940 hivi, wakati filamu ni za kimya na Cairo yenyewe haina studio ya maana. Na ndani ya hapo nataka nisimulie zaidi habari ya kazi moja ambayo hapa kwetu kijana ukimpa ananuna siku nzima. Asistenti dairekta. Yani msaidizi wa muongozaji. Ukimwambia mtu wewe kwenye hii projekti utakuwa asistenti anaona umemshusha, anataka aitwe dairekta leo leo, na kama udairekta umekosekana basi awe staa wa mbele. Sasa mimi nasema hivi, sinema ya Misri, ile iliyokuja kutawala nchi zote za Kiarabu na ikafika mpaka huku pwani kwetu, ilijengwa na watu waliokuwa hawachagui. Leo anaigiza, kesho anasaidia, keshokutwa amekaa na mkasi anakata filamu, alafu miaka inapita ndo unakuja kuona jina lake limeandikwa kubwa.

Mtu wangu wa leo ni Mohamed Karim. Nitawataja na wengine njiani, hasa Stephan Rosti maana huyo raha yake ni ya peke yake, lakini uti wa mgongo wa hadithi ni Karim.

Karim kazaliwa Cairo Desemba 1896. Ushike huo mwezi, kwa sababu Novemba 1896, yani wiki chache tu kabla, picha zinazotembea za wale ndugu Lumière wa Ufaransa ndo zimeonyeshwa kwa mara ya kwanza Alexandria, na mwezi huo huo zikaletwa Cairo. Kwahiyo huyu bwana na sinema ya nchi yake ni marika kabisa, wamekua pamoja. Utotoni alikuwa na rafiki, Youssef Wahbi, mtoto wa pasha, huyu Wahbi ndo baadae anakuja kuwa jabali la jukwaa la Cairo na kundi lake la Ramses. Hawa wawili walikuwa wagonjwa wa sinema. Na wakati huo sinema Misri ni mali ya wageni mwanzo mwisho, kumbi zao, filamu zao, kutoka Ufaransa, Italia, baadae Marekani, Mmisri kazi yake kununua tiketi na kukaa.

Sasa ikaja Vita Kuu ya Kwanza, na mwaka 1917 Waitaliano wa Alexandria wakaanzisha kampuni ya kutengeneza filamu pale pale, benki ya Banco di Roma ikiwa nyuma yao. Wazo lao halikuwa baya, jua la Misri linawaka karibu mwaka mzima, taa za nini. Wakapiga filamu fupi kadhaa, na mwaka 1918 katika moja yao, Sharaf al-Badawi, yani heshima ya Mbedui, akaonekana kijana Mohamed Karim. Ndo maana vitabu vya historia vya Misri vinamuita mwigizaji wa kwanza wa Kimisri kwenye filamu. Wa kwanza! Ukiisikia hivyo unaona zulia jekundu, kumbe kilikuwa kinafasi tu kwenye filamu ya wageni ambayo haikwenda popote.

Na kampuni ile ilikufa vibaya. Walitengeneza nyingine, Al-Azhar al-Mumita, maua yanayoua, na humo ndani kukawa na shoti ambayo aya za Qur'ani zimeonekana juu chini. Kichwa chini miguu juu, kwenye skrini kubwa, nchini Misri. Filamu ikazuiwa, watu wakakasirika, na kampuni haikuchukua muda ikafunga. Hapa naomba mnisikilize vizuri wale mnaosema asistenti hana kazi. Dairekta ni Mtaliano, hajui kusoma Kiarabu, mpiga picha Mtaliano, mpambaji wa seti hivyo hivyo. Kibao kimetundikwa ukutani kimegeuka na watu wazima wote wale wamesimama mbele yake wanakiangalia wakapiga kamera. Angekuwepo kijana mmoja pale, wa mtaani, analipwa hela ya chai, ambaye kazi yake ni kuzunguka seti kabla ya klapa na kusema jamani hiki kimegeuka, ile kampuni pengine ingeishi. Hiyo ndo kazi ya asistenti ikielezwa kwa tukio moja, na Misri waliilipia kabla hawajawa hata na jina la kuiita.

Kitu kimoja chema kikatoka kwenye ule msiba. Mpiga picha wao, Alvise Orfanelli, Mtaliano mzaliwa wa Alexandria, alikuwa anadai mshahara, na kampuni ilipoanguka akachukua vifaa badala ya hela. Na huyo Orfanelli akabaki Misri miaka na miaka anapiga picha na kufundisha watu, mpaka mwaka 1950 Youssef Chahine anapotengeneza filamu yake ya kwanza, Baba Amin, mzee Orfanelli bado yupo anamshika mkono. Ona deni la mshahara linavyoweza kuzaa.

Turudi kwa Karim. Kampuni imekufa, yeye ni mwigizaji wa kwanza wa filamu nchini na hakuna filamu ya kuigiza. Mwingine angekaa kijiweni anasimulia. Huyu akafunga safari, kwanza Italia, baadae Ujerumani. Na kule hakuna aliyekuwa anamsubiri bana, ni kijana Mwarabu mmoja katika mji uliojaa watu wanaotafuta kazi hiyo hiyo, akawa anapata vinafasi vidogo vidogo, leo umo kwenye kundi la watu mia kwenye shoti moja, kesho haumo. Lakini akawa ndani ya geti. Berlin ya miaka ile ya 1920, nyie someni wenyewe, ilikuwa ndo shule ya dunia, kampuni ya UFA na studio zake za Babelsberg, hao ndo walikuwa wanajenga miji mizima ndani ya ukumbi, ni miaka hiyo hiyo na sehemu hiyo hiyo Fritz Lang alipokuwa anatengeneza Metropolis. Sasa ekstra, yani yule wa kujaza kundi kwenye shoti, ana faida moja ambayo staa hana. Staa akimaliza shoti anaenda kupumzika, ekstra anasubiri, anasubiri masaa, na kama ana akili basi masaa yote hayo anaangalia. Taa inawekwa wapi. Nani anampa nani maagizo. Kwa nini wamerudia shoti mara tano. Karim alienda Ulaya akitaka kuigiza akarudi anataka kuongoza, na mimi naamini kilichombadilisha ni kule kusubiri.

Huko huko Ujerumani akakutana na kijana mwenzake wa Kimisri aliyepelekwa na familia kusomea udaktari, Serag Mounir. Mnajua tena mtoto wa watu katumwa udaktari alafu kakutana na watu wa sinema. Udaktari ukaishia hapo. Serag Mounir akaja kuwa mmoja wa waigizaji wakubwa wa Misri, na wazazi wake sijui walilala vipi siku walipopata ile barua.

Wakati Karim yuko huko, nyumbani mambo yalikuwa yanaanza kuchemka. Kulikuwa na afisa mmoja wa jeshi, Mohamed Bayoumi, nae aliifuata kamera huko huko nchi za Wajerumani, akarudi na vifaa vyake, na mwaka 1923 akapiga picha za Saad Zaghloul, kiongozi wa kudai uhuru, anaporudi kutoka uhamishoni, kipindi ambacho nchi nzima imesimama barabarani. Bayoumi alikuwa anafanya kila kitu mwenyewe, anapiga, anasafisha filamu, anakata. Baadae akawauzia vifaa vyake watu wa Bank Misr, ile benki ya Talaat Harb, tajiri aliyekuwa anasema Wamisri wawe na viwanda vyao wenyewe, pamba yao, meli zao, na akaongeza filamu zao. Mwaka 1925 ikaundwa kampuni ya Misr ya uigizaji na sinema. Karim aliporudi 1926 mlango wa kugonga ukawepo, na kazi ya kwanza aliyopewa mwigizaji wa kwanza wa Misri, mtu katoka Berlin, ilikuwa kupiga filamu fupi ya bustani ya wanyama ya Cairo. Bustani ya wanyama! Tembo na twiga. Akaifanya, ikatoka 1927. Hamna sehemu yoyote nimesoma kwamba alinuna.

Mwaka huo huo wa 1927 ndo kuna Laila, na hapa namleta Stephan Rosti.

Rosti ni mtoto wa Cairo, kazaliwa 1891, baba Mwaustria mama Mtaliano, lakini Kiarabu chake cha mtaani cha Cairo huwezi kumtoa. Alikuwa mtu wa jukwaa, kacheza kwa Aziz Eid, kacheza kwa Naguib al-Rihani, na Ulaya alishazunguka. Sasa kuna mwanamke anaitwa Aziza Amir, mwigizaji wa jukwaani, kaamua anatengeneza filamu kwa hela zake. Akamchukua Mturuki mmoja, Wedad Orfi, aongoze. Huyu Orfi ndo yule aliyekuja Misri na wazo la Youssef Wahbi aigize kama Mtume Muhammad kwenye filamu ya hela za Wajerumani, mwaka 1926, masheikh wa Al-Azhar, kile chuo cha Kiislamu cha Cairo, wakaja juu, Mfalme Fuad akatishia kumvua Wahbi uraia, na Wahbi akajitoa fasta. Basi Orfi akaanza na Aziza filamu iitwayo Nida Allah, wito wa Mungu, wakapiga wakapiga, Aziza akaangalia kilichopatikana akaona hapana. Hela yake imeenda na filamu haipo. Akamgeukia Rosti. Rosti akachukua vipande vilivyokuwepo, akabadilisha hadithi, akapiga vipya, akaunganisha, na mwenyewe akaigiza humo humo. Tarehe 16 Novemba 1927 ikaonyeshwa sinema Metropole Cairo kwa jina la Laila, na Talaat Harb mwenyewe alikuwepo ukumbini.

Watu wanabishana kama Laila ndo filamu ndefu ya kwanza ya Kimisri au ni ile ya ndugu wawili wa Alexandria, Ibrahim na Badr Lama, Qubla fil-Sahra. Mimi ubishi huo nawaachia wenye muda. Kinachonipendeza kwenye Laila ni orodha ya waliokuwemo. Yumo Ahmed Galal kama mwigizaji, huyu miaka michache mbele ni mwandishi na dairekta, na mwisho ana studio yake, Studio Galal. Yumo Assia Dagher, msichana aliyetoka Lebanon, ana nafasi ndogo tu, huyu atakuja kuwa prodyuza aliyedumu kuliko karibu wanaume wote wa zama zake. Yumo Hussein Fawzi, ambaye baadae ndo mwenye zile filamu za muziki za Naima Akef. Seti moja, ya filamu iliyoharibika nusu ikaokolewa, na humo ndani wametoka madairekta na prodyuza wa miaka thelathini iliyofuata. Hakuna chuo. Chuo kilikuwa ni ile fujo yenyewe.

Alexandria nako kulikuwa na Togo Mizrahi, familia ya Kiyahudi, alianza 1930 na filamu ya madawa ya kulevya, Kokain, yeye ndo kaandika, kaongoza, kagharamia, na anaigiza pia ila kwenye kuigiza anatumia jina lingine, Ahmed al-Mashriqi. Kuna wenzetu hapa wanaoandika jina lao mara saba kwenye posta moja, Togo yeye alikuwa na majina mawili ili asionekane kajaza nafasi zote peke yake. (Kicheko.) Msicheke, nawajua.

Sasa Karim na Zaynab. Hii ndo filamu iliyomfanya. Zaynab ni riwaya ya Mohamed Hussein Haikal, ya maisha ya kijijini, ilipotoka 1913 mwandishi hakutia jina lake, alijiita Mmisri mkulima, kwa sababu mtu wa heshima haandiki hadithi za mapenzi. Karim akaitaka iwe filamu, rafiki yake wa utotoni Wahbi akatoa hela, na ikatoka Aprili 1930, ya kimya, Bahiga Hafez ndo Zaynab, pamoja nae Serag Mounir yule wa udaktari, na Zaki Rostom. Bahiga alikuwa binti wa familia kubwa ya Alexandria, mwanamuziki, na muziki wa kusindikiza filamu akautunga mwenyewe, kwahiyo nae ni wale wale, staa na mtunzi kwa pamoja.

Kuhusu Zaynab kuna jambo linasimuliwa sana, kwamba Karim aliosha kijiji. Yani kabla ya kupiga aliwaogesha wanyama, akaosha mpaka miti vumbi litoke, ili mashamba ya Misri yaonekane masafi mbele ya kamera. Wahakiki wa baadae walimcheka sana kwa hili, wakasema huyu bwana mwenye akili ya Ulaya hawezi kuvumilia mkulima mwenye matope. Na mimi nakubaliana nao kwa kiasi, ukiangalia filamu za Karim ni safi mno, watu wamepigwa pasi, nyumba ni za mabwana, na maskini wake ni maskini wa kadi ya sikukuu. Lakini nafikiria pia kijana aliyekuwa Alexandria 1918, aliyeiona kampuni inakufa kwa sababu ya kibao kilichogeuka. Mtu wa aina hiyo akija kushika filamu yake mwenyewe, na anajua kuna watu wanasubiri kusema Mmisri hawezi, ataosha hata nyati. Mimi ningeosha.

Alafu ikaja sauti. Filamu zimeanza kuongea duniani na Misri haina mashine. Karim na Wahbi wakachukua tamthilia ya Wahbi, Awlad al-Zawat, watoto wa wakubwa, sehemu zilizokuwa kimya wakapiga nyumbani na za kuongea wakaenda kuzipiga Paris. Ikaonyeshwa Machi 1932 na hiyo ndo ikawa filamu ya kwanza ya Misri yenye maongezi. Hadithi yenyewe ni bwana wa Cairo anaacha familia kwa ajili ya mwanamke wa Kifaransa anayemmaliza, na Wazungu waliokaa Misri wakapiga kelele magazetini kwamba wametukanwa. Fikiria, miaka thelathini na zaidi skrini za Cairo zimeonyesha Mwarabu mjinga mwenye ngamia na hakuna gazeti lililolia.

Baada ya hapo Mohamed Abdel Wahab. Hapa wazee wa taarabu mliokaa huku upande wa kushoto amkeni, maana hapa ndo hadithi inafika Zanzibar na Mombasa. Abdel Wahab alikuwa mwimbaji mkubwa, ila kuigiza hajui, anasimama kama anapigwa picha ya pasipoti. Karim akamchukua akafanya nae Al-Warda al-Bayda, waridi jeupe, Desemba 1933, studio ikiwa tena ni ya Paris. Tatizo kubwa la Karim lilikuwa nyimbo. Wimbo wa Kiarabu wa wakati ule unaenda, unarudi, ukumbi unapiga kelele tena tena, mwimbaji anarudia mstari mmoja robo saa. Kwenye filamu haiwezekani, kamera imekodolea macho mtu aliyesimama. Karim akambana afupishe, utangulizi wa vyombo uwe mfupi, maneno yaende na hadithi. Abdel Wahab akakubali, na wimbo mfupi wa filamu ukawa kitu kipya, ukasafiri kwenye sahani za santuri na kwenye filamu zenyewe mpaka kumbi za sinema za pwani yetu, na watu wa taarabu wakazichukua zile sauti wakaweka Kiswahili. Wangapi wanaopiga fidla Unguja wanajua kwamba nyuma ya urefu wa ule wimbo kuna dairekta aliyekuwa anagombana kuhusu dakika? Filamu zote saba ambazo Abdel Wahab alizibeba yeye kama staa ziliongozwa na Karim, kuanzia hiyo ya 1933 mpaka Lastu Malakan ya 1946. Saba na mtu asiyejua kuigiza. Hiyo peke yake ni digrii.

Mwaka 1935 ndo Studio Misr ikafunguliwa, karibu na njia ya kwenda kwenye mapiramidi, na hapo kazi za nyuma ya kamera zikaanza kuwa kazi za kweli zenye mshahara. Talaat Harb alishapeleka vijana nje kusoma, Ahmed Badrakhan na Maurice Kassab Ufaransa, wengine Ujerumani, na akaleta wataalamu wa Kijerumani. Filamu yao ya kwanza, Wedad, ya yule mwimbaji Umm Kulthum, ilipangwa iongozwe na Badrakhan, ikaishia mikononi mwa Mjerumani Fritz Kramp. Hebu jiwekeni pale kwenye seti. Dairekta anaongea Kijerumani, staa ni Umm Kulthum ambaye hapendi kuamrishwa kwa Kiarabu sembuse kwa lugha nyingine, mafundi mchanganyiko, ekstra wametoka vijijini. Katikati ya hao lazima awepo mtu. Anayejua nani kavaa nini jana, nani hajala, nani kaudhika, anayegeuza agizo kali liwe ombi la heshima linapomfikia mama mkubwa. Kazi hiyo haina jina kwenye posta, na bila hiyo huna filamu.

Na mtu anayenipa ushahidi mzuri kuliko wote ni Salah Abu Seif. Mtoto wa Bulaq, mtaa wa maskini Cairo, kazaliwa 1915, alikuwa mfanyakazi tu kwenye kiwanda cha nguo cha Misr kule Mahalla al-Kubra. Akaja Niazi Mostafa, mtu wa Studio Misr, kupiga filamu ya kiwanda, wakaongea, Niazi akashangaa huyu karani wa pamba anajua sinema kuliko watu wa sinema, akamvuta Studio Misr. Akawekwa chumba cha kukata filamu. Mwaka 1939 akawa asistenti wa Kamal Selim kwenye Al-Azima, filamu ya kijana wa uchochoroni anayetafuta kazi na kumpenda binti wa muoka mikate, Hussein Sedki na Fatma Rushdi. Kamal Selim alitaka kuiita Al-Hara, yani uchochoro, studio wakakataa jina wakaona la kishamba. Uchochoro wenyewe ukajengwa ndani ya studio, na hapo hawakuosha kitu. Nikiambiwa nichague kati ya Zaynab na Al-Azima nachukua Al-Azima asubuhi na jioni, na mheshimiwa Karim anisamehe huko aliko.

Abu Seif baada ya hapo hakupewa filamu kesho yake. Alirudi chumba cha kukata, akakaa, filamu yake ndefu ya kwanza ni ya 1946. Miaka saba baada ya Al-Azima. Alafu ndo unampata yule Abu Seif wa mitaa ya Cairo, aliyemfundisha Naguib Mahfouz kuandika skripti, ndio, Mahfouz huyo huyo wa Nobel. Ukiangalia filamu zake za 1950 na kuendelea unaona ule uchochoro wa Kamal Selim bado upo machoni kwake, ameukagua kila siku kama asistenti, kila jiwe analijua.

Rosti je? Rosti aliendelea kuongoza mara moja moja mpaka miaka ya 1940 hivi, lakini watu walimpenda mbele ya kamera, akawa yule muovu mtamu, tapeli mwenye suti nzuri na kicheko cha pembeni, hana hata haja ya kuwa na sehemu kubwa, anaingia dakika tatu anaondoka na filamu. Mtu aliyeokoa Laila vijana wengi wa Misri wanamjua kwa vichekesho tu, na sidhani kama aliumia. Kuna kisa kinasimuliwa sana Cairo, kwamba mwaka 1964 alisafiri kwenda Alexandria kukaenea habari kuwa amekufa, wenzake wakafanya hafla ya kumuomboleza, na katikati ya hotuba za majonzi Rosti mwenyewe akaingia mlangoni. Alikufa kweli mwaka huo huo, muda si mrefu baadae, na watu walichelewa kuamini.

Karim aliongoza mpaka miaka ya 1950, Zaynab akairudia 1952 ikiwa na sauti, na serikali ilipoanzisha chuo cha juu cha sinema mwaka 1959 yeye akawa mkuu wake wa kwanza. Alifariki 1972.

Sasa tutaangalia kipande cha Yawm Said, siku ya furaha, ya 1940, Abdel Wahab ndo staa ila naomba msimuangalie yeye, mnamjua tayari, pasipoti. Muangalieni yule mtoto wa kike. Ni Faten Hamama, aliyekuja kuwa staa mkubwa wa Misri, baba yake alituma picha yake na Karim akamchagua, alafu walipoanza kazi akaona mtoto ana kitu, akairudia skripti kumuongezea sehemu. Hesabuni sekunde ambazo kamera inamngoja yule mtoto amalize kuongea bila kukata, na mkimaliza mniambie mngekata wapi nyie. Fundi, weka.